Jinsi kamati ya Mengistu ilivyowatafuna wajumbe wake

JESHI linapotwaa mamlaka katika nchi ya Kiafrika, aghalabu wananchi hawaambiwi kwamba wamepata mtawala mpya. Huambiwa kwamba wamepata kamati au baraza. Ndivyo ilivyokuwa nchini Mali mwaka 2020, Guinea mwaka 2021 na Niger mwaka 2023.

Jina hilo lina utamu wake. Kamati ni watu wengi, na watu wengi husikizana, hukosoana na hupiga kura. Raia aliyechoshwa na ubabe wa mtu mmoja hukumbuka kauli ya wahenga kwamba penye wazee haliharibiki neno, akatulia.

Hata hivyo, historia ya Ethiopia, jirani wa Kenya upande wa kaskazini, inaonyesha kwamba kamati yaweza kuwa ngazi ya dikteta badala ya kuwa kizuizi chake. Kuanzia mwaka 1974 hadi 1991, nchi hiyo ilitawaliwa kwa jina la kamati. Lakini aliyenufaika na utawala huo ni mtu mmoja, Mengistu Haile Mariam, na miongoni mwa waliouawa mapema ni waliokaa naye meza moja.

Hadi leo Waethiopia wanauita utawala huo Derg. Neno hilo maana yake ni kamati.

Serikali isiyo na uso

Mapema mwaka 1974, ufalme wa Haile Selassie ulikuwa umeanza kuyumba. Njaa ilikuwa imewaua watu wengi katika mkoa wa Wollo, bei ya mafuta ilikuwa imepanda, walimu na madereva wa teksi walikuwa wamegoma, na askari katika kambi kadhaa walikuwa wakiasi kwa sababu ya mishahara duni.

Mwishoni mwa Juni mwaka huo, vikosi vya jeshi na polisi vilituma wajumbe wao jijini Addis Ababa kuunda kamati ya pamoja. Walikuwa zaidi ya watu 100, wengine askari wa kawaida, na hakuna aliyekuwa na cheo kilichozidi meja. Makamanda wakuu waliachwa nje kwa kuwa walidhaniwa kuwa watu wa mfalme.

Miongoni mwa waliofika alikuwa Meja Mengistu, kutoka Divisheni ya Tatu iliyokuwa Harar. Hakuwa na jina kubwa wala ukoo wa kujivunia. Silaha yake ilikuwa ulimi. Katika kambi ya Divisheni ya Nne ambako kamati ilikutana, alijua kusema yale ambayo askari wa vyeo vya chini walitaka kuyasikia.

Orodha kamili ya wajumbe haikutangazwa kwa umma. Jambo hilo lilionekana dogo, lakini lilikuwa na uzito mkubwa. Mwananchi aliyedhulumiwa hakujua amlaumu nani. Naye mjumbe aliyepinga jambo ndani ya kikao hakuwa na umma wa kumtetea, kwa kuwa umma haukujua kama yupo.

Mnamo Septemba 12, 1974, mfalme aliyekuwa ametawala tangu mwaka 1930 aliondolewa katika kasri lake akapandishwa kwenye gari dogo aina ya Volkswagen. Kamati ilimteua Jenerali Aman Andom, shujaa wa vita vya mwaka 1964 dhidi ya Somalia, kuwa mwenyekiti wa baraza la kijeshi. Jenerali huyo hakuwa mmoja wa wajumbe wa awali. Alitafutwa kwa sababu nchi ilimjua na kumheshimu.

Kosa lake lilikuwa kuamini kwamba cheo alichopewa kilikuwa na nguvu. Alitaka mzozo wa Eritrea utatuliwe kwa mazungumzo, na hakukubali wafungwa wa utawala wa zamani wauawe bila kesi. Kamati iliyomteua ilitaka kinyume cha hayo.

Kura ya damu

Usiku wa Novemba 23, 1974, askari waliizingira nyumba ya Jenerali Aman, naye akafa katika mapambano ya risasi. Usiku huohuo, karibu watu 60 waliuawa bila kufikishwa mahakamani katika jela kuu ya Addis Ababa. Wengi wao walikuwa mawaziri na makamanda wa zamani, wakiwemo waliokuwa mawaziri wakuu wawili, Aklilu Habte-Wold na Endelkachew Makonnen.

Jinsi uamuzi huo ulivyofikiwa ndiyo siri ya utawala mzima uliofuata. Watu hao hawakuuawa kwa amri ya mtu mmoja aliyejifungia chumbani. Suala lao lililetwa mbele ya kamati likapigiwa kura.

Kwa mtazamo wa juu juu, hiyo ni demokrasia. Kwa hakika ulikuwa mtego. Kabla ya usiku ule, mjumbe yeyote angeweza kurudi kambini kwake na kusema kwamba alitumwa kudai mishahara bora. Baada ya usiku ule, aliyeinua mkono alikuwa amefungwa kwa damu. Utawala ukianguka, naye angeanguka nao.

Hivyo basi kura haikutumiwa kugawana mamlaka. Ilitumiwa kugawana hatia. Na watu waliogawana hatia humhitaji mmoja wao asiyeogopa, awatangulie.

Mamlaka ya karatasi na mamlaka ya bunduki

Mwenyekiti mpya alikuwa Brigedia Jenerali Teferi Banti. Chini yake walikuwa Mengistu na Atnafu Abate, wakiwa manaibu. Kwa miaka miwili kamati ilipitisha mambo mazito, ikiwemo kutaifisha ardhi ya mashambani mnamo Machi 1975, hatua ambayo wakulima wengi waliishangilia kwa kuwa iliwaondolea mabwanyenye.

Aidha, kamati ilianza kujinasibisha na itikadi ya Karl Marx na Lenin. Wasomi waliorejea kutoka vyuo vya Ulaya na Marekani, hasa wa chama cha Meison, waliitwa kuwafunza askari nadharia ya mapinduzi na kuwaandikia programu.

Lakini ndani ya kikao baadhi ya wajumbe walikuwa wameanza kumhofia Mengistu. Mnamo Julai 1976, Meja Sisay Habte, aliyekuwa na ushawishi mkubwa katika kamati, aliuawa kwa kushtakiwa njama. Desemba mwaka huo, kundi lililowajumuisha Kapteni Alemayehu Haile na Kapteni Mogus Wolde Mikael lilifaulu kupitisha muundo mpya wa kamati.

Muundo huo ulikuwa mzuri kwa kuusoma. Mamlaka yaligawanywa kati ya mkutano mkuu wa wajumbe wote, kamati kuu na kamati ya kudumu. Teferi Banti aliongezewa nguvu. Mengistu alipewa kazi ya kuongoza baraza la mawaziri, kazi iliyomweka mbali na jeshi.

Waandishi wa muundo huo walidhani wamemmaliza kwa kalamu. Walisahau kuuliza ni nani aliyekuwa na walinzi wa kasri mkononi.

Jibu lilipatikana Februari 3, 1977. Wakiwa kikaoni katika kasri, Teferi Banti, Alemayehu, Mogus na wenzao kadhaa walikamatwa na askari waliomtii Mengistu, wakapigwa risasi siku hiyohiyo. Luteni Kanali Daniel Asfaw, aliyesimamia ulinzi wa kasri na kuongoza ukamataji huo, naye aliuawa kabla ya siku kwisha.

Siku chache baadaye Mengistu alitangazwa mwenyekiti. Machi mwaka huo, Fidel Castro wa Cuba alizuru Addis Ababa, na kufikia mwisho wa mwaka silaha za Muungano wa Kisovieti zilikuwa zikimiminika kuisaidia Ethiopia katika vita vya Ogaden dhidi ya Somalia.

Alibaki Atnafu Abate, mwenzake wa tangu siku ya kwanza. Mnamo Novemba 1977 naye aliuawa. Miongoni mwa makosa aliyotangaziwa ni kwamba aliyatanguliza maslahi ya Ethiopia mbele ya usoshalisti.

Ikumbukwe kwamba kufikia hapo ilikuwa imepita miaka mitatu tu. Kila aliyewahi kukaa juu ya Mengistu au sambamba naye katika kamati alikuwa kaburini, na kila kifo kilikuwa kimetangazwa kwa jina la kamati yenyewe.

Kasri lashuka mitaani

Mamlaka ya kamati hayakuishia kasrini. Amri ya mwaka 1975 iliyotaifisha nyumba na viwanja vya mijini iliunda vyama vya wakazi vilivyoitwa kebele. Mwanzoni kazi yao ilikuwa ya manufaa. Viliandikisha kaya, vilikusanya kodi za nyumba ndogo, viliendesha maduka ya bidhaa za bei nafuu na kuamua kesi ndogondogo.

Chama cha EPRP, cha vijana wa mrengo wa kushoto waliopinga utawala wa kijeshi, kilipoanza kuwaua maafisa wa serikali mjini, kamati za kebele zilipewa bunduki. Mnamo Aprili 1977, Mengistu alisimama hadharani katika uwanja mkuu wa Addis Ababa akavunja chupa zilizojaa kioevu chekundu mfano wa damu, akiapa kuwaangamiza maadui wa mapinduzi.

Kipindi kilichofuata kiliitwa Ugaidi Mwekundu. Nyumba zilipekuliwa mtaa baada ya mtaa. Vijana, wengi wao wanafunzi, walikamatwa na kuuawa, na miili ikaachwa barabarani ikiwa na maandishi ya kuwaonya wengine. Kuna taarifa nyingi za familia zilizotakiwa kulipia risasi kabla ya kupewa maiti. Kwa makadirio mengi, waliouawa walikuwa makumi ya maelfu.

Kilichofanyika mtaani kilikuwa nakala ya kilichofanyika kasrini. Kulikuwa na orodha, kikao na sahihi. Mwenyekiti wa kebele aliyesita kutia sahihi alijua kwamba jina lake lingeweza kuongezwa katika orodha ileile.

Wasomi wa Meison, waliosaidia kuzijenga taasisi hizo, hawakusalimika. Mnamo Agosti 1977 walikosana na kasri wakaingia mafichoni. Kiongozi wao, Haile Fida, alikamatwa na baadaye akauawa. Waliochonga mpini ndio uliowakata.

Chama cha mtu mmoja

Wafadhili wa Kisovieti walimhimiza Mengistu aunde chama cha kikomunisti kitakachochukua nafasi ya askari. Alikubali, kwa njia yake. Mnamo Desemba 1979 alitangaza tume ya kuandaa chama hicho, yeye akiwa mwenyekiti, na ndiye aliyeteua walioingia.

Chama cha Wafanyakazi cha Ethiopia kilizinduliwa Septemba 1984, katika maadhimisho ya miaka kumi ya mapinduzi. Juu yake kulikuwa na Politburo, kamati ya siasa yenye watu 11. Saba kati yao, Mengistu mwenyewe akiwemo, walikuwa askari wa ile kamati ya mwaka 1974. Miongoni mwao walikuwa Fikre Selassie Wogderes, Fisseha Desta, Tesfaye Gebre Kidan na Legesse Asfaw.

Hawa walikuwa wamesalia kwa sababu walijifunza somo la Februari 1977. Walijua kwamba kikao si mahali pa kubishana. Wanachama wa kamati kuu walijua vivyo hivyo, na mikutano yao ikawa ya kupiga makofi.

Mengistu alikuwa katibu mkuu wa chama, kiongozi wa taifa na amiri jeshi mkuu. Suala likipitia chamani, serikalini au jeshini, mwisho wa safari lilifika mezani kwake. Katiba mpya ya mwaka 1987 ilimwita rais na kuunda bunge, lakini njia zilibaki zilezile.

Gharama ya ukimya huo ililipwa na watu waliokuwa mbali kabisa na kasri. Wakati mji mkuu ukipambwa kwa ajili ya sherehe za Septemba 1984, mikoa ya Wollo na Tigray ilikuwa katika njaa kali. Dawit Wolde Giorgis, aliyeongoza tume ya serikali ya misaada na aliyekuwa mjumbe wa kamati kuu ya chama, baadaye alitoroka nchi. Katika kitabu alichochapisha mwaka 1989, alieleza jinsi maonyo kuhusu njaa yalivyopuuzwa na wakuu wake waliokuwa wameshughulika na sherehe.

Ulimwengu ulishtuka Oktoba mwaka huo, pale picha za mpigapicha Mkenya Mohamed Amin, akiwa na mwanahabari Michael Buerk wa BBC, zilipoonyesha umati wa watu waliokuwa wakifa katika kambi ya Korem. Makadirio ya waliokufa katika janga hilo ni kati ya watu 400,000 na milioni moja.

Ukame ulikuwa sababu mojawapo tu. Vita vya kaskazini na sera za kilimo vilichangia pia. Lakini katika serikali ambayo mjumbe haogopi kuinua mkono, habari mbaya hufika mezani mapema. Katika serikali ya Mengistu zilichelewa, na katika njaa kila siku inahesabiwa kwa makaburi.

Kuporomoka

Walioinuka hatimaye walikuwa majenerali. Mei 16, 1989, Mengistu alipoondoka kwa ziara ya Ujerumani Mashariki, makamanda wakuu walijaribu kumpindua ili wamalize vita vya kaskazini kwa mazungumzo. Jaribio hilo lilishindwa. Mkuu wa majeshi, Merid Negussie, na kamanda wa jeshi la anga, Amha Desta, walijiua. Mwaka mmoja baadaye majenerali 12 waliuawa kwa amri ya serikali.

Mengistu alishinda mapambano hayo akapoteza jeshi. Makamanda waliojua vita hawakuwepo tena, na waliochukua nafasi zao walikuwa waoga au wageni kazini. Waasi wa Eritrea waliuteka mji wa bandari wa Massawa mnamo Februari 1990. Mwezi uliofuata, Mengistu aliutupilia mbali ukomunisti na kukipa chama jina jipya, lakini jahazi lilikuwa limekwisha kuzama.

Mei 21, 1991, aliwaaga wasaidizi wake akidai anakwenda kukagua kambi ya mafunzo kusini mwa nchi. Ndege yake ilielekea Nairobi, na kutoka hapo akaenda Zimbabwe, ambako Rais Robert Mugabe alimpa hifadhi.

Waliogawana naye hatia kwa miaka 17 waliachwa nyuma. Tesfaye Gebre Kidan alishikilia urais kwa wiki moja. Waasi wa EPRDF walipoingia Addis Ababa Mei 28, watu wanne wa Politburo walikimbilia ubalozi wa Italia. Wawili kati yao, Tesfaye na Hailu Yimenu, walifia humo. Wengine wawili, Berhanu Bayeh na Addis Tedla, walikaa ndani ya ua huo kwa zaidi ya miaka 29, hadi walipoachiliwa huru Desemba 2020.

Fikre Selassie, Fisseha, Legesse na wenzao wengi walitiwa mbaroni. Kesi ilianza Desemba 1994. Kinaya ni kwamba ushahidi mkubwa ulitoka katika makabati ya utawala wao wenyewe. Serikali iliyoua kwa orodha na sahihi ilikuwa imezihifadhi orodha na sahihi hizo.

Desemba 2006, mahakama iliwapata na hatia ya mauaji ya halaiki, Mengistu akiwa hayupo. Mwaka 2008 Mahakama ya Juu iliwahukumu kifo yeye na kadhaa wa wasaidizi wake. Kwa wale waliokuwa gerezani, adhabu hiyo ilibadilishwa kuwa kifungo cha maisha mwaka 2011, na miezi michache baadaye wengi wao wakaachiliwa. Mengistu, akiwa uhamishoni, alisisitiza kwamba kilichofanyika kilikuwa vita vya kuyatetea mapinduzi.

Funzo kwa wa leo

Ukomunisti wa Addis Ababa umekwisha, lakini mbinu zake hazikuzikwa nao. Nchini Sudan, mwenyekiti wa baraza la mpito, Abdel Fattah al-Burhan, na naibu wake Mohamed Hamdan Dagalo waliingia vitani Aprili 2023 na kuivunja nchi vipande. Nchini Guinea, Jenerali Sadiba Koulibaly, aliyewahi kuhesabiwa wa pili kwa mamlaka baada ya mapinduzi ya 2021, alifia kizuizini mwaka 2024, siku chache baada ya kuhukumiwa.

Hao si wakomunisti, na kila nchi ina mambo yake. Hata hivyo, swali la kuuliza ni lilelile. Kuhesabu viti vya kamati hakutoshi. Lazima mtu aulize kama majina ya wajumbe yanajulikana, kama kuna mahakama au bunge nje ya kamati linaloweza kuwaita wajieleze, na kama mjumbe anaweza kusema hapana kisha akarudi nyumbani kulala.

Nchini Ethiopia, majibu yote matatu yalikuwa ni la tangu usiku wa Novemba 23, 1974. Waliopiga kura usiku ule walidhani wanaamua hatima ya watu 60. Walikuwa wakiamua hatima yao pia.

Jela walimouawa watu hao imebomolewa. Mahali pake pamejengwa makao makuu ya Umoja wa Afrika, yaliyofunguliwa mwaka 2012, na ndimo wanamokutana viongozi wa bara hili kila mwaka kujadili, pamoja na mengine, nini kifanyike jeshi linapotangaza kamati mpya.